Neno Alilopewa Haruo

Tulipoachana juma lililopita, Haruo alikuwa amesimama mbele ya jaji, mdomo umeshafunguka na neno limeshatoka.

"Wanawake hawa wanaifuta kesi yao."

Ndivyo alivyosema, mbele ya dada yake wa tumbo moja.

Toshiko alikuwa benchi la nyuma pamoja na wenzake kumi na mmoja. Sikio lilisikia, akili ikakataa kupokea. Asubuhi ileile walikaa na Haruo, wakampa neno jingine kabisa la kulipeleka kwa jaji: kesi inaendelea, na kura ya kesho ya kubadili katiba isimamishwe. Njiani kutoka kwao hadi mahakamani, hatua mia mbili, neno likageuka.

Jaji alikuwa mgeni, ameletwa kwa ndege kutoka kisiwa cha mbali, maana hapa Palau kila jaji ana shemeji upande huu na binamu upande ule. Akavua miwani.

"Kina mama, mmemsikia msemaji wenu. Mnakubali?"

Hakuna aliyeinuka.

Toshiko alitaka kusimama. Hakusimama, na msimlaumu kabla hamjajua. Kwao mwanamke ndiye anayeamua na mwanamume ndiye anayesema. Wakubwa wa kike wa ukoo humchagua mkuu wao, humwekea kuti la mnazi kichwani, na tangu siku hiyo mdomo wake ndio mdomo wao. Kumkana mbele ya wageni ni kumvua nguo hadharani na wewe kubaki uchi pamoja naye. Mababu na mababu walikwenda hivyo bila matata, kwa sababu hakukutokea mkuu aliyethubutu kulibadilisha neno njiani.

Jaji hakuyajua hayo. Alingoja, akaandika, akagonga nyundo.

"Kwa kuwa hakuna pingamizi, kesi imefutwa."

Nje, Toshiko alimkamata mdogo wake mkono na kumvutia nyuma ya jengo.

"Nani amekununua?"

"Hakuna aliyeninunua, dada."

"Basi umerogwa."

"Punguza sauti."

"Nimeipunguza mle ndani mpaka ikaisha, na faida yake umeiona."

Haruo alitazama chini. Alikuwa mtu wa idara ya barabara, na miezi miwili sasa yuko nyumbani na mamia ya wenzake, kwa kuwa hazina ya serikali imekauka. Wenye njaa walikuwa wameshapata wa kumlaumu. Ni wale wanawake, walisema. Ni wale mabibi na kesi yao.

Aliyeanza kusoma leo naye ajue. Amerika inataka mkataba na visiwa hivi. Italeta fedha na ulinzi. Yenyewe itapewa ardhi ya kuweka askari na ruhusa ya meli zake za vita kutia nanga, na meli hizo hazisemi zimebeba nini. Katiba ya Palau inasema silaha za nyuklia haziingii mpaka robo tatu ya wapiga kura waseme ndiyo. Mara tano watu wameulizwa, mara tano robo tatu haikutimia. Sasa wakubwa wa serikali wamechoka kuomba, na kesho wanataka kukishusha kipimo chenyewe, nusu ya kura itoshe.

"Tadashi alikuja kwangu juzi," Haruo alisema.

Tadashi alifanya naye kazi miaka kumi na tisa, na sasa yuko na wale wanaowatisha wanawake wa kesi. Walikuwa wakigawana popoo moja na jani moja la tambuu.

"Akataka nini?"

"Alikuwa na karatasi. Majina kumi na mawili. Moja lina alama pembeni."

"Langu."

Haruo aliitikia kwa kichwa.

"Akasema nini, mdogo wangu?"

"Akasema nikitoa neno langu kama Rechesul kwamba kesi itafutwa, hakuna atakayeguswa. Nikampa."

Rechesul ndilo jina la cheo alichovikwa.

"Neno lako au letu?"

"Ulitaka nifanyeje, dada? Nikuzike na katiba yako mkononi?"

Toshiko alishikwa na hasira, na ndani ya hasira hiyo akamwonea huruma, akazidi kukasirika. Toshiko ndiye aliyembeba mgongoni. Wajapani na Wamarekani walipokuja kupigania visiwa hivi, hawakumwuliza mwenyeji hata mmoja. Yeye alikuwa na miaka tisa, Haruo mitatu, na mama yao akafa kwa njaa msituni ndege zikipita juu. Watu husema mgeni njoo, mwenyeji apone. Toshiko aliwaona wageni wakija, na wenyeji hawakupona.

"Ondoka mbele yangu," alimwambia.

Alipogeuka alikutana na Merii, rafiki yake wa tangu utotoni na jina la pili katika kesi.

"Mimi usinihesabu tena," Merii alisema.

"Tunarudi kwa jaji sasa hivi. Tutasema msemaji amekosea."

"Toshiko, jana wamenivunjia madirisha yote kwa mawe. Nina wajukuu watano, wanalala uvunguni mwa kitanda. Usinitazame hivyo. Wewe shujaa, mimi bibi yao tu."

Akaenda zake. Wengine walimfuata, mmoja akiaga, wawili wasiage, hadi Toshiko akabaki na kivuli chake.

Hapo ndipo alipotoka Wenty, karani wa mahakama, akijifanya anamwaga maji ya chai.

"Mama Toshiko, mimi sijakwambia kitu."

"Sijasikia kitu."

"Kesi iliyofutwa namna hii hurudishwa siku hiyohiyo, jaji akiwa bado yupo. Ndege yake ni saa kumi na moja. Mimi daftari nalifunga saa kumi kamili."

"Basi lete karatasi nitie sahihi."

"Haitoshi. Mlimwandikia Rechesul hati kwamba anawasemea, na hati inasema 'kwa cheo chake.' Nyie wenyewe mlitaka iandikwe hivyo. Maadamu ana cheo, alilosema ndilo mlilosema."

"Na asipokuwa nacho?"

Wenty alitikisa birika, halina hata tone.

"Hayo ni ya wanawake, mama. Mimi wa chai."

Ilikuwa saa tano kasoro. Mkubwa wa ukoo kuliko wote alikuwa Ilong, dada wa marehemu mama yao, naye anaishi ng'ambo ya daraja. Toshiko aliwasha pikapu yake na kuiendesha kwa namna ambayo mumewe, angekuwa hai, angeshuka.

Alimkuta bibi yule katikati ya shamba la majimbi, tope limemfika mapajani, na miaka sabini na mitatu juu yake.

"Hodi, mama mkubwa."

"Hodi kwenye tope? Ingia, halina mlango."

Toshiko aliingia na gauni lake la mahakamani.

"Rechesul ameifuta kesi."

"Redio imekutangulia." Ilong aling'oa jimbi, akalisuuza, Toshiko akimsimulia la Tadashi. "Amekuokoa."

"Ameniaibisha."

"Aibu haijamzika mtu."

"Nataka tumvue kuti."

Mikono ya Ilong ilisimama ndani ya maji. 

"Mtoto yule nilimtafunia majimbi msituni nikamtia kinywani, sina chumvi wala nazi," alisema hatimaye. "Unataka mkono huuhuu umvue?"

"Ndiyo."

"Kwa ajili ya bomu ambalo hata halijafika."

"Na yale yaliyofika, nani alitubishia hodi?"

Ilong alilitupa jimbi kwenye kikapu.

"Wametuuliza mara ngapi hawa?"

"Tano. Kesho ya sita."

"Mwanamume akikuposa mara tano ukamkataa, ya sita akaja na panga, hiyo tena si posa." Akamgeukia. "Lakini na wewe nisikilize. Vijana hawana mishahara. Mimi na mgongo huu nalisha watu kumi na wanne. Wanataka hizo fedha za Amerika, na si kwa ubaya. Wana njaa. Umelifikiria hilo?"

"Nimelifikiria."

"Umelifikiria kama mtu aliyeshiba."

Neno lile lilimchoma Toshiko, kwa kuwa lilikuwa la kweli. Alikuwa na duka dogo na pensheni ya mumewe. Njaa aliijua kwa kuikumbuka, hakuwa akiilalia.

"Neno alilompa Tadashi alilitoa kwa cheo," Ilong aliendelea. "Cheo kikiondoka, neno linakufa. Waelewa?"

"Naelewa."

"Hebu litamke nikusikie."

Toshiko alilitamka.

"Tukimvua, hakuna kitakachonikinga."

"Na bado wataka."

"Nikikaa kimya, nitakuwa nimewapisha mimi mwenyewe, mama mkubwa. Walipokuja mara ya kwanza nilikuwa mtoto. Mara hii sina udhuru."

Bibi alimtazama hadi Toshiko akataka kukwepesha macho. Kisha akanyoosha mkono wenye tope.

"Haya. Nivute nitoke."

Pikapu ilirudi mbio, lakini darajani walikuta foleni: watu wa idara za serikali wamekaa barabarani na mabango yao. Saa tatu zilikwenda, Toshiko ameng'ang'ania usukani asipige honi. Mmoja alikuja dirishani, akachungulia, akamwona bibi mwenye tope na kikapu cha majimbi.

"Bibi unapeleka wapi chakula hicho?"

"Mahakamani," Ilong alisema. "Wewe umekula?"

Kijana alitikisa kichwa. Ilong alimpa majimbi matatu, wakapishwa. Yule kijana hakujua amempisha nani.

Saa kumi kasoro robo waliegesha mbele ya mahakama. Haruo alikuwa amekaa ngazini, kama aliyejua watarudi. Watu wachache walikuwa karibu, wakitafuna tambuu na kusubiri habari.

"Haruo," Ilong aliita.

Watu waligeuka. Miaka kumi na moja tangu avikwe kuti, hakuna mtu wa ukoo aliyewahi kumwita jina lake tupu mbele za watu.

"Haruo, kuti limeanguka."

Aliinuka polepole. Alitema popoo kwenye kopo lake na kujifuta mdomo.

"Nani ameliangusha?"

"Mimi na dada yako."

Haruo alimtazama Toshiko. Hakukuwa na hasira usoni mwake, na Toshiko angeitamani hasira.

"Umejiua, dada."

"Huenda."

"Sina tena cha kuwaambia wale watu. Unajua hilo?"

"Najua."

Alisimama hapo kidogo, mikono haijui pa kwenda. Kisha akawapisha mlangoni.

"Ingieni basi. Zimebaki dakika kumi, na Wenty saa yake iko mbele."

Ndani, Wenty alimtia Ilong wino kwenye kidole gumba bila kumwangalia, akagonga alama kwenye karatasi kwamba kuti limeanguka na kesi irudi. Jaji alikuwa ameshafunga mkoba. Aliisoma karatasi mara mbili.

"Asubuhi niliuliza, sikujibiwa."

"Asubuhi nilikuwa na msemaji," Toshiko alisema. "Sasa ninasema mwenyewe. Kesi inaendelea."

"Asubuhi mlikuwa kumi na wawili. Sasa mko wangapi?"

"Wawili."

"Mmoja," Ilong alisema.

Toshiko aligeuka.

"Mimi nilikuja kuvua kuti, mwanangu, na nimelivua. Kushtaki sikusema. Wale kumi na wanne nikiwekewa alama pembeni atawalisha nani?" Bibi alijifuta wino kidoleni. "Usinichukie."

Toshiko hakuweza kumchukia. Alijihisi mpweke vibaya sana, basi.

Jaji aliandika kwa muda.

"Kura ya kesho imesimamishwa. Nitarudi Jumatatu kusikiliza kesi. Sikiliza vizuri, mama. Kesi ya watu kumi na wawili, mmoja akikosekana, inaendelea. Hii yako ina mdai mmoja. Jumatatu asipokuwepo, hakuna kesi, na kura itapigwa siku inayofuata. Umenielewa?"

"Nimekuelewa."

"Una mahali pa kukaa hadi Jumatatu?"

"Nina nyumba yangu."

Jaji alitaka kusema jingine. Wenty alikohoa kumkumbusha ndege.

Saa kumi na moja redio ilitangaza. Ililitaja jina la Toshiko mara tatu, na la kijiji chake mara moja. Habari za cheo kuanguka haikuzigusa, maana hayo si ya redio. Mambo ya ukoo hutembea kwa miguu, na yalikuwa bado hayajafika mbali.

Toshiko alifunga madirisha, jua likiwa bado kali. Aliweka maji jikoni, akasahau kuwasha moto. Mara akasikia mtu akikaa kwa uzito kwenye ngazi ya mlango wa mbele.

"Nani?"

"Mimi."

"Nenda kwako, Haruo."

"Siendi."

"Nimekuvua cheo mbele ya watu, huna haya?"

"Ninayo. Nimekuja nayo."

Toshiko aliegemea mlango kwa ndani. Alisikia kisu kikipasua popoo, na ile harufu ya chokaa na jani ikapenya kwenye upenyo.

"Huna hata fimbo," alisema.

"Sina."

"Sasa utafanya nini?"

"Nitakaa. Ulinibeba mwaka mzima ukiwa huna viatu, mimi kukaa ngazini kunanishinda?"

Machozi yalimjia Toshiko, na hakuyafuta. Alikuwa akitafuta neno la kumrudishia aliposikia gari likiacha barabara kubwa na kuingia njia ya mawe inayofika kwake tu. Lilisimama. Mlango mmoja ulifunguka.

Alichungulia ufa wa dirisha. Alikuwa Tadashi, amevaa shati safi, mikono mitupu. Ndani ya gari kulikuwa na wengine, wangapi hakuweza kuwaona.

"Rechesul," Tadashi aliita, kwa adabu zote.

Toshiko aling'amua. Hajui! Tadashi alikuwa hajapata habari.

"Rechesul, redio inasema mambo ya ajabu. Nimewaambia wenzangu ni makosa. Nimewaambia wewe ulinipa neno, na neno la Rechesul halirudi nyuma. Niambie ni makosa, nigeuze gari."

Neno moja tu lilihitajika. Haruo angesema ndiyo, redio imekosea, na wale watu wangeondoka, na Jumatatu ingekaribia kwa siku moja. Toshiko, aliyemvua cheo kwa mkono wake alasiri hiyohiyo, sasa aliomba kimoyomoyo mdogo wake akivae tena kwa uongo. Dakika ile alitaka kuishi kuliko alivyotaka kitu chochote, akaona haya.

Ngazini, Haruo aliacha kutafuna.

"Unamtafuta nani, Tadashi?"

"Nakutafuta wewe. Rechesul."

"Huyo hayupo. Kuti lilikuwa la wanawake, nao wamelichukua mchana wa leo. Aliyekaa hapa ni mdogo wake Toshiko."

Tadashi aliitazama nyumba, akamtazama rafiki yake wa miaka kumi na tisa, na uso wake ukawa wa mtu mgonjwa.

"Kwa nini hukuniambia ndiyo tu?"

"Kwa sababu ningekuwa nimewaibia neno lao mara mbili."

"Haruo, toka mlangoni."

"Sitoki."

"Nakuomba. Hao waliomo humo ndani ya gari hawakujui kama mimi ninavyokujua."

Haruo hakujisogeza hata kidogo. Kwao wanaume wakizungumza, mwanamke hukaa ndani na kusubiri kuletewa habari. Toshiko alivuta komeo. Alifungua mlango, akatoka na gauni lake lenye tope lililokauka, akakaa kwenye ngazi ubavuni mwa mdogo wake. Haruo alisema kwa sauti ndogo, "Rudi ndani, dada," na Toshiko akamshika mkono.

Tadashi aliwaangalia wote wawili. Kisha aligeuza uso nusu kuelekea kwenye gari, bila kuwaondolea macho.

"Mliniambia yuko mmoja," alisema. "Wapo wawili. Tufanyeje?"

Hakuna aliyemjibu kwa maneno. Mlango wa nyuma wa gari ulifunguka.